Masaa ya Watoto wa Watu

Mke wangu ndiye aliyeianza. Jumamosi usiku, sahani zimeshaondolewa, akaniuliza kwa ile sauti ya mtu ambaye jibu analo tayari:

“Babake, huyu kijana wako acheza masaa mangapi? Hebu tizama.”

Kijana mwenyewe kashalala. Ana miaka tisa. Nikawasha PS5, ile mashine ya gemu, nikaenda kona ya juu kulia penye ile picha ndogo ya akaunti, nikafungua wasifu, nikasogea hadi sehemu ya michezo. Pale gemu zote zimepangwa, na kila moja imeandikiwa masaa iliyochezwa. Ni hatua nne. Mashine ninayo mwaka mzima na sikuwahi kuzipiga hatua hizo.

EA Sports FC 24, gemu ya mpira: masaa 61.

“Sitini na moja,” nikamwambia. “Tangu tuinunue.”

Akapiga hesabu kimoyomoyo, akaguna, akaenda zake kuzima taa ya jikoni. Kesi imekwisha.

Mimi nikateremsha orodha, hadi FIFA, jina la zamani la gemu hiyo hiyo.

FIFA 20: masaa 1,131.

FIFA 19: masaa 2,588.

FIFA 18: masaa 2,704.

FIFA 17: masaa 2,316.

Chini yake GTA V, masaa 642, na Mortal Kombat XL, masaa 287.

FIFA 17 ilipotoka, mwanangu alikuwa bado ananyonya.

(Wenye sarufi mtaniwia radhi. Najua wingi wa saa ni saa. Lakini hapa Mombasa tunasema masaa, na kwa orodha niliyoiona usiku ule jina jembamba halitoshi.)

## Kibanda

Walionijua enzi zile washaelewa. Kuanzia mwisho wa 2016 hadi Machi 2020 nilikuwa na kibanda cha gemu Mshomoroni. Mabati juu, mabati ubavuni, televisheni tatu, mabenchi mawili ya mbao, na feni ya ukutani iliyokuwa ikigeuza shingo kama mzee anayekataa posa. PS3 mbili, PS4 moja. PS4 ndiyo iliyokuwa bibi harusi. Niliivutia waya wa intaneti kutoka saiba ya jirani ili vikosi viende na wakati, maana mtoto wa Mshomoroni hakubali kucheza na Chelsea ya msimu uliopita.

Akaunti niliifungua kwa barua pepe yangu mwenyewe, nikaisahau. Nilipopata PS5 ya mtumba nikaingilia kwa akaunti ile ile bila ya kuwaza. Na PS5 haisahau: gemu za PS4 ulizozicheza miaka ya nyuma zinajitokeza pamoja na masaa yake, kama madeni ya dukani ambayo Mwarabu wa kona ameyahamisha kutoka daftari la zamani hadi jipya.

Zile PS3 mbili hazikuandika kitu. Mashine hizo hazina mita ya namna hiyo. Zilichezewa kutwa nzima sawa na mwenzao, na hakuna pahali palipobaki hata dakika yake moja.

Mechi ilikuwa shilingi 20, kila kipindi dakika tano, na sheria ni ile ya vibanda vyote: anayefungwa analipa. Wakitoka sare wanagawana, au wanapiga penalti huku benchi zima limesimama.

Kwa hiyo nilikuwa nauza muda. Sikuwahi kuliona hivyo.

Nilidhani nauza mpira.

## Wiki tatu na namba moja

Usiku ule ule niliyajumlisha kwenye simu, gemu zote sita za kibanda. 9,668. Nikagawanya kwa 24.

Siku 402 na masaa 20.

Mwaka mmoja, mwezi mmoja na wiki moja hivi, usiku na mchana, pasi na kula wala kulala. Nikazima simu, nikalala, nikaamka nayo. Wiki tatu nilitembea na namba hiyo. Nilikuwa nayo kwenye matatu ya kwenda kazini Shimanzi, nilikuwa nayo godauni nikihesabu magunia, hata siku moja nikaandika 9,668 kwenye karatasi ya mzigo na karani akaniuliza kama meli nzima imeshuka.

Halafu hesabu yenyewe ikanigeuka. Mashine inahesabu gemu kuwa wazi. Watu haiwahesabu. Padi za kuchezea zilikuwa mbili, kwa hiyo kila saa moja ya mashine ni masaa mawili ya watoto: 19,336. Na wanaongoja zamu je? Watano, sita, mara nyengine kumi, wengine wamesimama mlangoni mguu mmoja ndani mmoja nje. Nilianza kuwaingiza na wao, nikaona pabaya, nikaacha.

Nikajaribu njia ya kupunguza. Tulikuwa tukisimamisha mchezo kila adhana ya Alasiri na ya Magharibi, robo saa kila mara. Tunaondoa sauti tu. Televisheni inabaki inawaka, skrini imeganda, mshambuliaji mguu juu, kipa amelala hewani. Mita haijui swala. Gemu ikiwa wazi yenyewe inakwenda. Nusu saa kwa siku, kwa siku kama 1,200, ni masaa 600. Hayo nikayatoa. Yakabaki elfu tisa na ushee.

Masaa 600 ya kipa aliyelala hewani. Nayo yamo kwenye orodha, chini ya jina langu.

Na ile 1,131 ya FIFA 20, fupi kuliko wenzake, haimaanishi watoto walichoka. Jumapili ya tarehe 15 Machi 2020 ilitangazwa kwamba shule zifungwe kwa sababu ya korona. Kesho yake asubuhi wakaja wote kwa pamoja, wamejaa furaha kama sikukuu. Wiki ile nikafunga. Tarehe 27 kafyu ikaanza, na sikufungua tena.

## Minara

Mimi mwenyewe nimelelewa na vibanda. Kile cha kwetu kilikuwa Majengo, cha PS2, mwenyewe mzee mmoja mkali aliyekuwa akivaa kikoi na kukaa na sahani ya sarafu mapajani. Kadi ya memori ya MB 8 aliifunga kwa selotepu mara tatu isije ikaibwa.

Ukiwasha PS2 kabla gemu haijafunguka, unaona giza, halafu unapita juu ya kitu kama mji: minara ya kioo, mirefu na mifupi, imesimama katika ukungu. Tulidhani ni mapambo. Tulikuwa tukibishana ni mji gani, mmoja akasema Dubai, tukakubali.

Miaka mingi baadaye ndipo nilipojua kwamba minara ile ni sisi. Kila gemu iliyowekwa kumbukumbu kwenye kadi ile ilijengewa mnara wake, na mnara ulirefuka kadiri gemu ilivyofunguliwa mara nyingi. Mashine ilikuwa ikitujengea mji kimyakimya, na yule mzee, ambaye hakuruhusu sarafu moja impite, alikuwa akiuona kila asubuhi na hajui kama ni hesabu ya duka lake.

Ila PS2 ilihesabu mara. Masaa haikuyagusa. Mashine za sasa kila moja na tabia yake. Nintendo Switch ina haya: siku kumi za mwanzo inakwambia tu ulianza lini, na baadaye masaa inakupa kwa mafungu ya tanotano, kama mtu anayekuficha bei halisi. PS5 haina aibu hiyo. Inakupa namba, uso kwa uso.

Nimekuwa nikijiuliza kama ningeiona mwaka 2017, ikiwa ndogo bado, ningefanya nini. Nadhani ningeipiga picha, niibandike kibandani. “Masaa 500 na bado twaendelea.” Ningejivunia. Hilo nalo limenikaa.

## Yule mama

Ilikuwa mwaka wa FIFA 18. Jumanne, saa nne asubuhi. Akaingia mama mmoja wa nyumba za nyuma, leso kichwani, kikapu cha sokoni mkononi. Mwanawe alipomwona akaingia chini ya benchi. Yeye hata hakumtizama. Alinijia mimi.

“Wewe kijana, wanijua?”

“Nakujua mama. Shikamoo.”

Hakuitikia. “Nampa ishirini ya mkate, mkate haufiki.”

“Mama, mimi pesa zatoka wapi sijui. Mtoto akija na yake…”

“Sijakuuliza pesa.” Akaweka kikapu chini. “Nakuuliza hivi: wamuuziaje mwanangu masaa yake mwenyewe?”

Benchi likacheka. Mimi pia nilicheka, Mungu anisamehe, maana ilitoka vizuri mno. Akamvuta mtoto kwa mkono, akaokota kikapu, akaondoka. Hata wiki haijaisha, maneno yake yalishakuwa mzaha wa kibanda. Mechi ikimalizika, mmoja anamwambia aliyefungwa: “Masaa yako yameisha, nunua mengine yako mwenyewe!” Tukicheka mpaka machozi.

Jibu nilikuwa nalo, kila mwenye kibanda analo: heri wakae hapa kuliko maskani, kule vijiweni. Kisauni yetu ya miaka ile jibu hilo lilikuwa likinyamazisha watu wazima. Vijana wadogo walikuwa wakitembea kwa makundi na mapanga, na mzazi jua likizama anaanza kuhesabu vichwa. Usiku mmoja nilisikia kelele za watu wanakimbia barabarani, nikafunga mlango na watoto kumi na mmoja ndani, tukakaa tumezima sauti hadi pakatulia. Kwa hiyo sisemi kwamba jibu lile lilikuwa uongo.

Lakini Jumanne saa nne asubuhi hapakuwa na panga.

Palikuwa na darasa, na dawati lenye nafasi.

Nilikuwa nimebandika kibao: MARUFUKU SARE ZA SHULE. Herufi kubwa, wino mwekundu. Watoto wakaja na fulana ndani ya mkoba. Wanapita nyuma ya mabati, wanatoka wamebadilika, wananiambia “Bro, zamu ya nani?” Niliwaona. Kuna tundu kwenye bati la nyuma, sawasawa na pale nilipokuwa nikikaa. Kibao kile nilikiandika kwa ajili ya chifu.

## Mangapi ndiyo mengi?

Nilifanya anachofanya kila mtu siku hizi: nikatafuta mtandaoni, nikitarajia mtu atanipa namba ya kusimama nayo.

Shirika la Afya Duniani limeuweka uraibu wa michezo ya kidijitali kwenye orodha yake ya magonjwa, toleo la 11, lililopitishwa 2019 na kuanza kutumika Januari 2022. Nikasoma nikitafuta masaa. Hayamo. Wanachotizama ni kama mtu ameshindwa kujizuia, kama mchezo umepita mbele ya mambo mengine yote ya maisha yake, na kama anaendelea nao hata madhara akiyaona, kwa kawaida kwa muda wa miezi 12. Sentensi zile zote zinamhusu anayecheza. Anayekaa na sahani ya sarafu hatajwi.

Uchina wao walitoa namba. Tangu 2021 aliye chini ya miaka 18 anaruhusiwa gemu za mtandaoni saa moja tu Ijumaa, Jumamosi na Jumapili, saa mbili hadi saa tatu usiku, na siku za sikukuu za serikali. Matatu kwa wiki. Nikapiga hesabu: kwa kipimo hicho, masaa ya PS4 yangu yangemchukua mtoto mmoja miaka 62. Nilijichekea peke yangu kwenye matatu hadi jirani akasogea.

Halafu nikamkumbuka ami yangu wa Mji wa Kale. Tangu sijazaliwa, kila siku baada ya Alasiri, anakaa barazani na wenzake watatu. Keram, dumna, siku nyengine bao. Hainuki hadi Isha, na Ramadhani ndiyo hainuki kabisa. Kama chini ya ule ubao wa keram pangekuwa na mita, masaa yangu 9,668 angeyapita akiwa bado kijana. Hakuna aliyewahi kumwita mgonjwa. Wanamwita mtu wa baraza, na akikosekana siku moja watu wanapiga hodi kwake kuuliza kama mzima.

Nilikaa na wazo hilo siku mbili, nikiona limeniokoa.

Siku ya tatu nikakumbuka kwamba ami hamtozi mtu ishirini.

Na hapo ndipo nilipolazimika kufanya hesabu niliyokuwa nikiizunguka. Saa moja inabeba mechi nne, ukitoa ugomvi wa kuchagua jezi. Nne mara ishirini, themanini. Themanini mara 9,668: shilingi 773,440. Hiyo ni PS4 peke yake, na ni kiwango cha juu, maana ziko siku skrini ilikuwa inawaka na hakuna mwenye pesa, na kubadilisha vijiti vya padi kulikuwa kunakula faida kama kupe. Bado. Pesa hizo zilitoka kwenye mkate, kwenye nauli, kwenye chenji ya dukani iliyopungua njiani. Zikaingia kwenye kodi ya kibanda, tokeni za stima, na nepi na maziwa ya kijana aliyelala chumba cha pili, ambaye mamake alikuwa na wasiwasi kwamba masaa 61 huenda ni mengi.

Sikumwambia mke wangu usiku ule. Nimemwambia wiki iliyopita. Alinyamaza, kisha akasema, “Na mimi nilizitumia.”

## Mtoto wa Juventus

Nilitaka kumuuliza mmoja wao. Nilishachoka kujiuliza mwenyewe.

Kulikuwa na mtoto mmoja mfupi, kimya, mtu wa Ronaldo. Ronaldo alipotoka Real Madrid kwenda Juventus mwaka 2018, naye akahama siku hiyo hiyo. Sasa ikaja FIFA 20, na Juventus hayumo. Konami walishachukua haki ya jina na jezi kwa ajili ya gemu yao, kwa hiyo EA, watengenezaji wa FIFA, wakaweka timu inaitwa Piemonte Calcio: wachezaji wale wale, nguo za watu wengine. Mtoto akaipitia orodha ya Italia mara tatu. Akanigeukia kana kwamba nimemfichia.

“Bro, umewauza?”

Akaichagua Piemonte Calcio, na hakuiacha hadi siku niliyofunga.

Siku hizi anaendesha tuktuk, Kongowea. Sasa ni mrefu kunipita, mimi simjui, yeye ndiye aliyeniita. Nikapanda mbele pembeni yake. Tulipofika darajani pana msongamano, nikamtolea namba. Akapiga mluzi.

“Elfu tisa! Hiyo ni PS4 tu?”

“PS4 tu.”

Nikameza mate, nikamuuliza nililokuja nalo: anaona nilimpotezea masaa yake?

Akacheka, macho barabarani. “Bro, mimi pesa ya kucheza nilitoa wapi? Mechi moja kwa siku, zikizidi mbili. Mimi nilikuwa nakaa.”

“Kukaa?”

“Mzee wangu alikuwa soja wa usiku, huko Nyali. Anarudi saa moja asubuhi, analala mpaka saa tisa. Chumba ni kimoja na tuko sita. Mama anatwambia tokeni, babenu alale. Maskani sikutaka. Kwako kulikuwa na feni.”

Nilimwangalia. Miaka mitatu na ushee mtoto yule alikaa mwisho wa benchi, upande wa ukuta, na mimi nikidhani anaipenda sana gemu. Siku moja nilimfukuza kwa sababu anajaza nafasi na halipi.

“Lakini shule?” nikamuuliza.

“Nilikuwa naenda. Ukiniona asubuhi ni siku za kurudishwa nyumbani kwa pesa ya shule.”

Nikahisi kifua kinafunguka. Nakiri. Nilianza hata kupanga namna nitakavyoliandika hili: kibanda changu kilikuwa kivuli, kilikuwa nyumba ya pili, watoto walikuja kupumzika. Nikataka nipewe zaidi, nikamuuliza na yule mwenzake wa Manchester City, yule aliyeingia chini ya benchi mamake alipokuja.

Hakucheka sasa. Akabadilisha gia.

“Yule alikuwa anatoroka. Yule, bro, ulimmaliza.”

“Yuko wapi siku hizi?”

“Yupo tu.”

Mnajua Mombasa “yupo tu” maana yake nini. Sikuuliza zaidi. Tukapita soko, tukapita ile petroli stesheni, muadhini akaanza. Kisha akasema, kama anayeniuliza kama nashuka hapa au mbele:

“Mamake yuko Bakarani. Nikupeleke?”

Nikamwambia siku nyengine. Nauli akakataa kuipokea.

## Jumapili

Diski nilikuwa nazo bado, ndani ya boksi la viatu juu ya kabati. Jumapili iliyofuata akaja nyumbani Kiembeni baada ya Dhuhuri, amevaa kanzu, ameleta mahamri. Mwanangu alikaa katikati yetu akishangaa kwa nini watu wazima wanaweka FIFA ya zamani wakati mpya iko ndani ya mashine.

Kwanza mwanangu akataka nimwonyeshe zile hatua nne. Nikamwonyesha: kona, picha, wasifu, michezo. Akaona zile namba, akasoma moja moja kwa sauti, kisha akaniuliza, “Baba, huyu ni nani aliyecheza hivi?”

Nikamwambia watoto wa Mshomoroni.

“Wote kwa jina lako?”

“Wote.”

Akaliwaza kidogo, kisha akaomba mahamri.

Mgeni alichagua Piemonte Calcio bila ya kutafuta, anajua ilipo. Mimi nikachukua Manchester City, sijui kwa nini nilifanya hivyo, nikaona ameona. Kipindi cha kwanza nilijitahidi. Cha pili alinifunga mabao mawili ya haraka haraka kwa kutumia upande ule ule wa kulia aliokuwa akiutumia akiwa na miaka kumi na moja, na mimi nilikuwa najua atapita pale, na akapita pale.

Tatu moja.

Adhana ya Alasiri ikaanza katikati ya marudio ya bao la mwisho. Mwanangu akanyoosha mkono kwenye rimoti kuzima sauti; nikamwambia hapana, zima gemu yenyewe, ifunge kabisa. Akanishangaa. Akaifunga.

Tulipomaliza kuswali nikatoa sarafu ya ishirini mfukoni, nikampa mgeni. Anayefungwa analipa. Akaigeuza geuza kiganjani.

“Bro, siku hizi mechi ni thelathini.”

Nikatafuta kumi. Akazitia mfukoni zote mbili, akakaa mlangoni kuvaa makubadhi, funguo ya tuktuk inaning'inia kidoleni.

“Na kule Bakarani?” akauliza, bila ya kuinua kichwa.

Nikamwambia aningoje nibadilishe shati.